Jirani Amejenga Ndani ya Kiwanja Chako cha Kiwanda: Mwongozo Kamili wa Kumaliza Mgogoro Zanzibar

Migogoro ya viwanja vya viwanda Unguja na Pemba ina tabia ya kumalizwa kisha ikarudi. Majirani wanakaa kitako, wanapeana mikono mbele ya sheha, wanaandikiana karatasi. Baadaye mmoja anaomba mkopo benki, au anauza biashara, au anakuja mpima mwengine na mashine yake, na maneno yanaanza upya, safari hii kwa hasira zaidi.

Sababu ni ile ile kila mara. Ndani ya eneo la viwanda, wewe na jirani yako si wenye ardhi. Ardhi ya Zanzibar ni ya umma, na Sheria Namba 12 ya 1992 inakupa haki ya kuitumia au mkataba wa kuikodi, basi. Kwa hivyo nyinyi wawili hamuwezi kupeana hata futi moja kama aliyewagaia hayupo na hakutia saini. Ugomvi unaonekana wa watu wawili, lakini ni wa watu watatu, na mwongozo huu umepangwa hivyo.

## Vitu vya kuwa navyo kabla hujaanza

- Barua ya kugaiwa eneo, ile yenye saini na muhuri. Kivuli kisaidie tu, asili iwepo.
- Mkataba wa ukodishaji au hati ya haki ya matumizi, pamoja na ramani iliyoambatanishwa. Wengi wana mkataba bila ramani na hawajui kwamba imepungua.
- Risiti zote za kodi ya ardhi, kuanzia ya mwanzo.
- Kibali cha ujenzi na michoro iliyopitishwa. Kama ulipewa cheti cha mazingira, nacho pia.
- Karatasi za usajili wa kampuni, au kama biashara ni ya mtu, kitambulisho cha mwenye jina lililoandikwa kwenye barua.
- Futi kamba ya mita 50 (ya mita 5 ya fundi seremala itakudanganya), kamba ya ujenzi, mambo (vigingi) za mbao, chokaa, na vijana wawili wa kushika ncha.
- Simu yenye kamera na daftari la kuandikia.

Simama kwanza kwenye hilo jina la kwenye barua. Barua nyingi za zamani zina jina la baba ambaye ameshafariki, na anayeendesha karakana ni mtoto wake. Mtoto huyo hana saini ya kumaliza mgogoro hata kama amefanya kazi pale miaka yote. Mirathi ishughulikiwe kwanza, kwa kadhi na kwa Kamisheni ya Wakf na Mali ya Amana, ndipo yule mwenye mamlaka ya kusaini ajulikane. Ukiruka hapa, ndugu mmoja aliyeko Muscat au Dar es Salaam atakuja kuvunja kila mlichokubaliana, na atakuwa na haki.

## Hatua ya 1: Simamisha kazi, usivunje kitu

Siku unapoona msingi umeingia kwako, kinachotakiwa ni kazi isimame. Msingi ni wa kuzungumzwa. Ukuta uliofika lenta una gharama, na mwenye gharama hakubali kirahisi.

Piga picha zenye kitu cha kudumu nyuma yake: nguzo ya umeme, kona ya ghala, mnazi. Picha ya matofali peke yake haithibitishi mahali. Kisha mpelekee jirani barua fupi. Iwe na adabu, maana barua hii ndiyo itakayosomwa na kila mtu baadaye:

*"Ndugu jirani, assalamu alaykum. Tumeona ujenzi wa ukuta unaendelea upande wa mashariki wa kiwanja chetu. Kwa mujibu wa ramani tuliyonayo, tuna wasiwasi kwamba ukuta umevuka mpaka. Tunakuomba usimamishe kazi upande huo tu mpaka tupime kwa pamoja. Sisi pia hatutajenga chochote upande huo. Nakala: msimamizi wa eneo, sheha."*

Yale maneno "sisi pia" yana kazi kubwa. Mtu anayeombwa asimame peke yake huhisi ameshashindwa.

Onyo: usithubutu kutuma vijana usiku kwenda kubomoa. Kuharibu mali ni jinai hata kama mali imejengwa kwako, na utajikuta wewe mwenye haki ndiye unayetoa maelezo polisi. Kadhalika usizibe geti la mtu kwa kontena.

*Umefanikiwa ikiwa:* kazi imesimama, na una nakala ya barua iliyosainiwa na aliyeipokea. Akikataa kusaini, ipeleke mbele ya sheha, andika jina la shahidi na saa.

## Hatua ya 2: Ujue ni mgogoro gani

Hapa ndipo wasomaji wengi wanapopotea, kwa sababu kila kitu wanakiita "kuingiliwa". Kuna aina nne, na dawa zake hazifanani.

Mpaka umevukwa. Barua ziko sawa, viwanja ni viwili, ila ukuta, kontena au paa limeingia upande wa pili. Hili ni suala la kupima.

Kiwanja kimoja, barua mbili. Nyote mna karatasi halali kwa eneo lile lile. Hapa futi kamba haisaidii chochote; kosa ni la aliyegawa, na yeye ndiye wa kuulizwa. Msishikane mashati nyinyi.

Njia au maji. Mpaka uko sawa, lakini lori haliingii, au mtaro wa jirani unamwaga maji kwako. Mgogoro wa maji upige picha wakati wa masika, Machi hadi Mei, mvua inaponyesha. Ukileta malalamiko ya maji mwezi wa Januari utaonekana mzushi.

Dai la mtu wa nje. Mkulima wa kijiji cha jirani anadai sehemu ya eneo ni eka yake tatu ya tangu baada ya Mapinduzi, au mikarafuu iliyomo ni ya babu yake. Zanzibar mti unaweza kuwa na mwenyewe na ardhi ikawa na mwengine, kwa hivyo usimpuuze. Khasa Pemba, kwenye maeneo kama Chamanangwe yaliyozungukwa na mashamba, dai la aina hii ni la kweli mara nyingi kuliko wawekezaji wanavyopenda kuamini. Muulize aliyekugaia kama fidia ililipwa na karatasi ya malipo iko wapi. Usimlipe mkulima kimya kimya mkononi. Utalipa tena kwa ndugu zake.

*Umefanikiwa ikiwa:* unaweza kuueleza mgogoro wako kwa sentensi moja ambayo jirani mwenyewe angeikubali. "Anataka kunidhulumu" haihesabiki.

## Hatua ya 3: Soma karatasi kabla ya kusoma ukuta

Zitandaze mezani na utafute mambo haya: nani amesaini, tarehe gani, ukubwa gani, namba gani ya kiwanja, na masharti gani.

Aliyesaini ndiye mtu wako wa tatu. Maeneo huru ya kiuchumi kama Fumba na Micheweni yako chini ya ZIPA, Mamlaka ya Kukuza Vitega Uchumi. Kwenye maeneo ya viwanda vidogo utakutana na mkono wa wizara inayosimamia biashara na viwanda, au SMIDA, wakala wa maendeleo ya viwanda vidogo na vya kati. Kumbukumbu za upimaji na usajili zinakwenda Kamisheni ya Ardhi, kwa Mrajis. Usikisie, angalia muhuri.

Ukubwa uangaliwe kwa kipimo chake. Eka moja ni karibu mita za mraba 4,047. Hekta moja ni 10,000. Kuna watu wamegombana kwa sababu barua ya mmoja imesema eka na ramani imesema hekta, na hakuna aliyepiga hesabu.

Soma pia sharti la kuendeleza eneo ndani ya muda. Kama muda wako umepita na kiwanja bado kina nyasi, inawezekana "mgogoro na jirani" kwa kweli ni kwamba kiwanja chako kimeshachukuliwa na kugaiwa mwengine. Ni habari mbaya, lakini bora uijue ukiwa ofisini kwako kuliko kwenye kikao.

Mwisho, nenda ofisi ya ardhi ukaangalie rejista na ramani iliyowekwa kule, uilinganishe na yako. Zikitofautiana, ya kwenye kumbukumbu za Serikali ndiyo itakayoanza kuaminiwa.

## Hatua ya 4: Pima mwenyewe

Kipimo chako hakitaamua kesi. Kinakuonesha tu kama una kesi, na kinakuzuia kulipa mpima kwa mgogoro usiokuwepo.

Anza na bikoni, alama ya kona ya mpaka. Ni nondo au bomba lililomwagiwa zege, mara nyingi limezama chini ya kifusi au limegongwa na lori. Chimba taratibu kwa mkono. Ukiipata imelala, iache ilivyo, ipige picha na uandike. Ukiisimamisha wewe, hata kama umeiweka mahali pake hasa, umeharibu ushahidi.

Chukua mfano wa kiwanja cha mita 40 mbele kwa mita 60 kwenda nyuma. Ramani inasema mita za mraba 2,400.

1. Pima pande zote nne, futi kamba ikiwa imenyooka na imekazwa. Ikilegea katikati, inakuzidishia.
2. Pima pembe kwa pembe, mara mbili. Kwenye mstatili wa 40 kwa 60 ulalo wote ni mita 72.11. Ukipata 72.1 upande mmoja na 71.2 upande wa pili, kiwanja kimepinda hata kama pande zinaonekana sawa.
3. Chora kwenye karatasi ya hesabu, uandike kila namba palepale. Usitegemee kichwa.

Sasa tuseme nyuma umepata mita 40 kamili, na mbele mita 38.4. Maana yake ukuta wa jirani umeanzia kwenye bikoni sahihi ya nyuma, ukaja mbele ukikata taratibu mpaka ukaingia mita 1.6. Eneo lililopotea ni pembe tatu: nusu ya 1.6 mara 60, yaani mita za mraba 48. Mbele ya macho yenye hasira inaonekana robo ya kiwanja. Kwenye karatasi ni asilimia 2.

Ukuta unaokata namna hii kwa kawaida ni kazi ya fundi aliyevuta kamba kutoka kwenye nguzo ya umeme akidhani ni mpaka. Dhuluma huwa na sura nyengine: ukuta unakwenda sambamba na mpaka, umeingia sawasawa mwanzo hadi mwisho. Na huo pia usiuhukumu haraka, kwa sababu ya jambo linalofuata.

Pima safu nzima. Omba ruhusa kwa majirani wengine, upime upana wa mbele wa kila kiwanja kutoka kona ya barabara. Mara nyingi utakuta wote wana mita 40 zao kamili, ila wote wamesogea mita 1.6. Wa kwanza alianza mahali pasipo, wa pili akamfuata, na wewe wa mwisho ndiye uliyebeba upungufu wa safu yote. Hapo jirani yako hana kosa lolote, na kumtaka avunje ni kumtaka alipe deni la mtu wa kona. Mgogoro wa safu unapelekwa kwa aliyegawa eneo na si kwa jirani.

### Simu na namba za ramani

Usitumie simu kuamua mpaka. Uwanja ukiwa wazi, simu hukosea mita tatu hadi tano. Kando ya ghala la mabati hukosea zaidi. Mgogoro wetu ni wa mita 1.6.

Kuna mtego mwengine mkubwa kuliko huo. Ramani nyingi za zamani za Afrika Mashariki zilichorwa kwa mfumo wa kuhesabu mahali uitwao Arc 1960, na simu yako inatumia mwengine, WGS84. Ukichukua namba za ramani ya zamani ukaziingiza kwenye simu bila kuzibadilisha, utapelekwa karibu mita 300 pembeni. Ndiyo maana kuna watu wanaapa kwamba kiwanja chao kiko katikati ya barabara. Tazama pembeni ya ramani: jina la mfumo huandikwa kwa herufi ndogo. Kwenye namba za ramani za UTM, zinazohesabu mahali kwa mita, sote tuko kanda 37 kusini, na namba ndefu ya tarakimu saba huanzia na 93 kwa maeneo ya Mjini na Fumba, na 94 kwa Chamanangwe. Ikianza vyengine, kuna mtu amekosea kunakili.

*Umefanikiwa ikiwa:* una mchoro wa ukurasa mmoja wenye vipimo, ulalo, bikoni ulizoziona na ulizozikosa.

## Hatua ya 5: Mpima mmoja, si wawili

Kosa linalokula pesa nyingi ni kila upande kuleta mpima wake. Wapima wawili wanaleta ramani mbili, na sasa mna mgogoro wa ramani juu ya mgogoro wa ukuta.

Muombeni msimamizi wa eneo aandike kwa Kamisheni ya Ardhi, aje mpima mmoja wa kufufua mipaka, gharama mgawane. Siku ya kupima awepo jirani au mtu aliyemwandikia barua ya uwakilishi, msimamizi wa eneo, na sheha awe shahidi. Kila mmoja asaini fomu palepale uwanjani kabla ya kuondoka, si kesho ofisini.

Muulize mpima swali moja: "Umeanzia alama gani?" Jibu zuri linataja bikoni au alama ya upimaji iliyopo kwenye kumbukumbu. Akikwambia ameanzia ukuta wa jirani mwengine, kazi haijafanyika.

## Hatua ya 6: Kikao cha watu watatu

Kikao kifanyike baada ya vipimo, kamwe si kabla. Watu wakikaa bila namba wanajadili heshima, na heshima haigawanyiki kwa mita. Kifanyike kwa msimamizi wa eneo, ambaye ndiye mgawaji au mwakilishi wake.

Usiende na dai moja. Kwa zile mita za mraba 48, haya ndiyo yanayowezekana:

- Ukuta uvunjwe na ujengwe upya kwenye mstari. Hii inafaa ukuta ukiwa wa tofali kavu, au ukiwa umeziba njia ya lori.
- Ukuta ubaki, mgawaji arekebishe ramani zote mbili na kodi za ardhi zifuate ukubwa mpya, jirani akulipe thamani mliyokubaliana ya kile ulichojenga au ulichopoteza. Ndiyo suluhu ya bei nafuu jengo la jirani likiwa limeshasimama.
- Ukuta ubaki kwa muda maalumu ulioandikwa, jirani akikiri kwa maandishi kwamba mpaka uko ndani ya ukuta wake.
- Mgawaji akupe kipande upande mwengine. Kwenye mgogoro wa safu au wa barua mbili, hili ndilo la kuliomba mwanzo.

Kwenye barua mbili, usitegemee kwamba tarehe ya mwanzo inashinda yenyewe. Wataangalia pia nani amelipa, nani amesajili, nani amejenga kwa kibali. Nenda na risiti.

Onyo: kama kiwanja cha mmoja wenu kimewekwa rehani, benki ijulishwe kabla ya ramani kubadilishwa. Wao wana haki juu ya kile kipande na nyinyi mnakikata.

Na neno moja la pembeni. Wafanyabiashara wetu wanapenda kumleta kwenye kikao mtu mkubwa wa kumsemea. Mara nyingi anachofanya ni kumtia woga ofisa wa eneo, ofisa anaahirisha, na mnakaa mwaka mwengine. Mpima ana faida kuliko mheshimiwa.

## Hatua ya 7: Karatasi ya makubaliano

Iandikwe siku ile ile, na iwe na namba za viwanja, vipimo kwa mita, mchoro wa mpima ulioambatanishwa na kusainiwa kila ukurasa, nani atafanya nini kwa tarehe ipi, nani analipa, na nini kitatokea asipofanya. Saini tatu: wewe, jirani, mgawaji. Sheha asaini kama shahidi. Saini yake haiwezi kushika nafasi ya mgawaji.

Kifungu ambacho watu hukisahau ni hiki: *"Makubaliano haya yatawafunga pia warithi, wanunuzi na watakaochukua nafasi ya pande zote."* Bila hicho, kampuni ikibadilisha mwenyewe mnarudi Hatua ya 1.

Kisha yapelekwe kwa Mrajis ili ramani mpya iingie kwenye kumbukumbu. Kinachobaki kwenye droo yako ni barua tu.

*Umefanikiwa ikiwa:* unaweza kwenda ofisi ya ardhi, ukaomba taarifa za kiwanja chako, na ukaoneshwa mpaka mpya.

## Hatua ya 8: Ikishindikana

Soma kwanza kifungu cha migogoro kwenye mkataba wako. Kama kinasema muende kwa msuluhishi, mahakama inaweza kukurudisha huko.

Baada ya hapo ni Mahakama ya Ardhi, iliyoanzishwa kwa Sheria Namba 7 ya 1994, na rufaa yake huenda Mahakama Kuu ya Zanzibar. Ujenzi ukiwa unaendelea, ombi la mwanzo liwe amri ya zuio la muda. Hapo ndipo ile barua ya Hatua ya 1 inapofanya kazi yake, kwa sababu hakimu atataka kujua ulilalamika lini. Mtu aliyekaa kimya mpaka paa likaezekwa huwa na kazi ngumu kueleza haraka yake.

Kwenye kesi ya barua mbili, mgawaji lazima aunganishwe, na kuishtaki taasisi ya Serikali kunatanguliwa na notisi. Wakili wako ahesabu siku hizo mapema ili kesi isitupwe kwa sababu ya utaratibu.

Wakati kesi inaendelea, endelea kulipa kodi ya ardhi kwa ukubwa ulioandikwa kwenye mkataba wako, hata kama sehemu yake imekaliwa na jirani. Ukiacha kulipa, unampa mgawaji sababu yake mwenyewe ya kukunyang'anya.

## Baada ya mpaka kuwekwa

Bikoni mpya zipakwe chokaa au rangi nyeupe, na pembeni ya kila moja jenga kizuizi kidogo cha zege ili gari zisiipande. Zipige picha zikiwa na futi kamba kutoka kwenye kitu kisichohama. Zikague baada ya kila masika, maana maji huchimba upande wa mtaro, na ukiona moja imeinama mpigie simu jirani mje muitazame pamoja kabla ya mtu yeyote kuigusa.